Tope la Tungeli

Maji ya Kambeke yalikuwa meupe. Meupe ya kuona kucha zako za miguu, meupe ya kuhesabu changarawe, meupe ya kumwona kangeli amesimama katikati ya jani na jani, mkia unacheza, mwili umetulia. Jua la Alunguli, mji wetu, lilishuka humo asubuhi likaoga, likatoka likapanda juu ya michikichi. Leo usiniulize kijito kina rangi gani. Kina rangi ya chai iliyotiwa maziwa mengi, na hainyweki hiyo chai.

Kangeli ni samaki mdogo. Kidole cha mwisho cha mtoto wa kike, huo ndio urefu wake wote. Mmoja ni kangeli, wengi ni tungeli, na hawaliwi mmoja mmoja. Wanaliwa kwa kiganja, na macho yao na miiba yao, wamefungwa kwenye majani na chumvi na pilipili, wamezikwa kwenye majivu ya moto mpaka jani linaanza kunuka. Ubavuni ana mstari mweusi, mwembamba, kama fundi alimpima kwa mkaa. Mkiani ana wekundu kidogo. Lualaba haimfai, ule ni mto wa wakubwa. Kwake ni vijito, ni kivuli, ni majani yaliyooza, ni maji yanayopita polepole yakiongea peke yake.

Tena ana ujinga wake, huyo samaki. Mzuilie maji uone. Wenzake watapapatika, wataruka, watatafuta tundu la kutokea. Kangeli anaingia chini ya jani na kunyamaza. Anadhani akinyamaza ataachwa. Wee kangeli wee, nani alikudanganya? Wanawake wa Alunguli wanamjua hivyo tangu bibi za bibi zao, na kumvua ni kazi yao, kazi ya beseni na subira. Mwanamume akipita karibu wakiwa kazini anatukanwa mpaka akimbie.

Kazi yenyewe ni hii. Kiangazi, maji yakipungua, wanawake wanapanda kijito. Wanapiga ukuta wa juu: miti, majani, udongo. Wanapiga ukuta wa chini, hatua thelathini mbele. Kisha wanajipanga mstari katikati na kuchota. Wanachota na kumwaga nje ya ukuta wa chini, wanachota na kumwaga, wanaimba na kumwaga, mpaka kijito kinabaki tumbo wazi na tungeli wanang'aa kwenye majani. Kila mwanamke ana nafasi yake kwenye mstari, aliyoachiwa na mama yake. Nafasi hiyo haiuzwi. Mwanamke asiyekuwa nayo anakula samaki wa kupewa.

Na iko adabu moja inayotangulia yote. Kabla ukuta haujapigwa, mmoja anatumwa chini, nyumba kwa nyumba, akaseme: tekeni maji yenu mapema, leo tunakausha. Kwa sababu yanayomwagwa juu yanashuka. Maji hushuka, jamani. Yanashuka na tope lake lote, na aliye chini akiona tope anajua kwamba juu kuna watu. Hakuna mtoto wa Alunguli aliyefundishwa jambo hilo. Analijua tu, anavyojua kwamba moto unaunguza.

Odile alilijua kuliko wote, maana yeye ndiye mwenye ukuta wa juu, kama mama yake kabla yake. Mwenye ukuta wa juu ndiye anayesema leo tunakausha, leo tunaacha. Yeye ndiye anayegawa samaki. Neno lake likitoka, hakuna wa kulirudisha.

Sasa twende mwaka ule. Elfu mbili na mbili, kiangazi. Usitake nikuambie nani alikuwa akimpiga nani, maana waliokuwa na bunduki walikuwa na majina mengi, wakibadilisha jina kama mtu anavyobadilisha shati. Mji ulikuwa umezungukwa. Mashamba yalikuwa upande ule, watu upande huu, na aliyekwenda kung'oa muhogo wake mwenyewe alirudi amebebwa au hakurudi. Chumvi tuliisahau. Sabuni tuliisahau. Ilifika siku mtu anakusalimia, nawe unatazama kwanza mikono yake, amebeba nini.

Wanawake tisa walikimbilia msituni, juu ya Kambeke, na watoto wao. Odile alikuwemo, na mdogo wake Jeanne. Espérance alikuwemo, msichana wa miaka kumi na saba, na mama yake mzazi ambaye miguu ilikuwa imevimba. Clémentine alikuwemo, na mwanawe mgongoni, Francine, miezi minane. Chini, pale njia inapovuka kijito, wenye bunduki walipiga kambi. Kutoka kivuko hicho mpaka walipojificha wanawake ni mwendo wa saa nzima. Wanawake walijua kwamba wanaume wako kule. Wanaume hawakujua kwamba kuna mtu huku, na uhai wao wote wale tisa ulikaa juu ya kutojua huko.

Siku nne walikula majani. Siku ya tano majani yaliwatapisha. Titi la Clémentine lilikuwa limekauka, na mtoto alikuwa akilivuta bure, akilia kilio cha paka mdogo, ndicho pekee alichobaki nacho. Ukikaa mbali hatua kumi hukisikii.

Asubuhi hiyo Odile aliteremka kunawa uso, akawaona. Tungeli. Mia, mia mbili, wengine nyuma ya wengine, wamesimama kwenye maji meupe kama vile hakuna vita duniani. Mate yalimjaa mdomoni. Ni aibu kusema, lakini ndivyo ilivyokuwa: alikumbuka pilipili kwanza, ndipo akamkumbuka Mungu.

Alirudi akasema, "Tukaushe. Kipande kidogo tu."

Jeanne, mdogo wake, ndiye aliyemtazama. "Na wale wa chini, yaya?" aliuliza, maana kwetu dada mkubwa ni yaya.

"Tutamwaga polepole. Tope litatulia njiani."

"Tope gani inatulia njiani, yaya? Tangu lini?"

Odile akatoa hasira. "Jeanne, watoto wanakufa. Unataka tuwazike hapa na mikono? Mimi njo niko na ukuta. Nimesema tukaushe."

Neno lilikuwa limetoka. Jeanne aliinama akaanza kukata miti, akiwa wa kwanza. Wakapiga ukuta wa juu, wakapiga ukuta wa chini, bila wimbo, bila mjumbe wa kuteremka kuonya watu, maana angeteremka kumwonya nani? Wakachota na kumwaga, wakachota na kumwaga. Mama yake Espérance alichota amekaa kitako ndani ya maji, kwa sababu miguu ilimkataa. Na nje ya ukuta wa chini tope liliinuka, likageuka, likakata kona, likaenda zake. Maji hushuka. Maji hayajui kwamba kuna vita.

Saa sita mchana walikuwa na mabeseni mawili. Wengine waliwala wabichi, hawakungoja moto. Clémentine alitafuna, akampa mwanawe kutoka mdomoni kwake, kidogo kidogo, na mtoto alimeza, akameza tena, halafu akacheka. Kicheko cha kwanza baada ya wiki mbili. Odile alikiona kicheko kile na roho yake ikashuka mahali pake. Akajiambia: umeona, nilifanya vema.

Saa tisa wanaume walifika.

Sitaki kuwasimulia ya pale. Nitasema hili tu: walipotokea kwenye kona, mtoto wa Clémentine alishtuka akalia, na safari hii alilia kwa sauti, kwa nguvu za wale samaki aliokula. Kila mtu alisikia. Jeanne alikufa penye ukuta wa juu, beseni mkononi. Mama yake Espérance alikufa palepale alipokaa. Na wengine wawili. Waliobaki walitawanyika na watoto wao, kila mmoja na kichaka chake.

Odile alikimbilia chini, kwa sababu chini ndiko ambako hakuna ambaye angemtafuta. Alikimbia ndani ya kijito, na kijito chote kilikuwa tope, tope mbele, tope nyuma, tope mpaka kwenye kivuko. Kambi ilikuwa tupu, wenyewe wako juu. Na hapo ukingoni akaiona bidoni. Bidoni ya njano, ya lita ishirini, imelala ubavu, nusu ina maji ya tope, kifuniko kimeachwa kwenye majani. Na nyayo za viatu vya askari zimeanzia hapo, zimepanda. Mmoja wao alikuja kuteka maji ya kupikia. Alichota, akayatazama, akawaita wenzake. Kutoka pale hata upige ngoma kule juu, anayeteka maji haisikii, seuze mtoto wa miezi minane.

Odile alisimama mbele ya bidoni ile, akaelewa yote, kwa mara moja, mpaka mwisho. Kisha akafanya kitu cha ajabu. Aliipindua, maji yakamwagika yote, akaitupa kichakani. Utadhani kuna mtu angekuja kukagua.

Jioni waliobaki walikutana kwenye mashamba ya zamani ya michikichi. Walikuwa watano. Espérance alikuwa hawezi kukaa, hawezi kusimama, anazunguka tu, anashika kichwa. "Walijuaje?" aliuliza. "Nani aliwaambia? Walijuaje tuko kule?" Na wote wakamtazama Odile, kwa sababu ndiye mkubwa wao, na mkubwa ndiye anayejibu.

Odile alimtazama mtoto mgongoni mwa mama yake. Akasema, "Mutoto alilia."

Maneno mawili tu, bwana. Clémentine alikuwa amekaa hatua tatu kutoka hapo. Hakubisha. Alimfungua mwanawe mgongoni, akamweka mapajani, akamshika miguu yote miwili kwa mkono mmoja. "Ndiyo," akasema, "alilia." Angebisha nini? Kweli mtoto alilia.

Vita vikaisha, au tuliambiwa vimeisha. Watu wakarudi Alunguli, wakang'oa nyasi milangoni, wakapanda mboga zao, sombe na lengalenga, wakazaa. Mtoto akakua, na neno likakua naye. Wenzake walimwita Kilio. Kisimani: Kilio, sogea. Shuleni: Kilio, usituitie watu. Hakuna aliyemchukia sana, hapana, watu wa kwetu si wabaya hivyo. Ila msibani hakuna aliyetaka kukaa karibu naye, na Espérance, mwenye sauti kubwa kuliko wote, akimwona njiani alivuka upande wa pili. Alikuwa anamwona mama yake amekaa kwenye maji. Utamlaumu?

Clémentine aliendelea kushika nafasi yake kwenye mstari, ile ya mwisho, penye ukuta wa chini, ambapo tope linafika magotini. Lakini aliambiwa: wewe njoo, mtoto abaki nyumbani. Mtoto wa miaka saba, abaki. Wa miaka kumi na miwili, abaki. Akaota matiti, abaki. Akaolewa na Léon, mwendesha pikipiki aliyetoka Pangi. Watu wakamwendea Léon kumweleza kisa cha mkewe, naye akawajibu, "Watoto wote wanalia," akawasha pikipiki yake akaenda. Hata hapo, kiangazi kilipofika, Francine alibaki nyumbani.

Na kila kiangazi, wakati wa kugawa, Odile alimwongezea Clémentine kiganja. Wote viganja viwili, Clémentine vitatu. Na Clémentine kila mara alimshika mkono, akamwambia kwa sauti ya chini, "Aksanti, yaya Odile. Wewe peke yako njo hukutuhukumu."

Lahaula! Na Odile alizipokea shukrani hizo. Miaka ishirini alizipokea, macho makavu, akainamisha kichwa kwa upole wa mtu mzima. Huyu ndiye mwanamke ambaye ukipita kwake anakupa kiti kabla hujasalimu.

Nisimwonee, hata hivyo. Tungeli hakuwala tena, hata mmoja, na watu walisema ni kwa huzuni ya Jeanne. Alikuwa akitembea kandokando ya Kambeke akiongea na nani sijui. Mara moja alikwenda kanisani akamwambia padri kwamba alisema uongo. Padri hakuuliza uongo gani, maana watu walikuwa wengi nyuma yake, akampa sala za kusema. Odile alizisema zote, akazirudia, akazirudia tena, na uongo ulikuwa bado umekaa hapo alipouacha, ukimngoja kama mbwa wa nyumbani. Mchuma janga hula na wa kwao, wazee walisema. Yeye alichuma, akala na wa kwao, kisha akampa mtoto wa mwenzake masazo.

Wee kangeli. Wewe unanyamaza chini ya jani kwa kuogopa. Na yeye pia alikuwa anaogopa. Alikuwa anaogopa kwamba akifungua mdomo, Jeanne atakufa mara ya pili, na safari hii atakuwa amemuua yeye.

Mwaka huu mwezi wa tatu Clémentine alikufa. Kifua. Alilala wiki nyingi, akikohoa, akipungua. Odile alikwenda maziko, akalia kuliko wafiwa, mpaka wakamshika mikono. Wiki zile za ugonjwa alifanya nini, hilo yeye mwenyewe alidhani anajua peke yake.

Kikaja kiangazi hiki. Siku hizi Kambeke ina wachimbaji. Walifika kwenye chemchemi yake na koleo na mashine za kuvuta maji, wanatafuta mawe ya kuuza, na wanapofanya kazi kijito chote kinashuka tope. Tungeli wamepungua, wamejikusanya kwenye kipande kimoja cha kivuli, palepale pa mwaka ule, ambapo bado wanavumilia kuishi. Jumapili tu wachimbaji wanapumzika, na Jumapili maji yanajaribu kuwa meupe tena. Ndiyo maana wanawake walipanga kukausha Jumapili, baada ya misa ya kwanza. Walijua huenda ni mara ya mwisho.

Walikuwa kumi na wawili. Odile penye ukuta wa juu, nywele zimekuwa nyeupe, magoti yanamuuma. Espérance katikati, mwanamke wa miaka arobaini, kikwembe amekifunga kifuani. Ukuta wa chini ulikuwa tayari, na mwisho wa mstari palikuwa na nafasi wazi. Francine akatokea kwenye njia. Alikuwa amebeba beseni la mama yake, lile lenye kiraka cha bati.

"Mama zangu, nawasalimu," alisema. "Nimekuja kwa nafasi ya mama."

Wanawake walishughulika na mabeseni yao. Kisha Espérance akasema, "Nafasi ile ilikufa na mwenyewe."

"Nafasi haikufaki. Mama aliipata kwa mama yake. Sasa njo yangu."

"Wewe, Kilio? Usimame hapa, mama yangu alipokufa? Rudi kwako, mwanangu, usinifungulie kinywa siku ya Mungu."

Francine hakurudi. Alisimama ukingoni na beseni lake, miaka ishirini na mitatu. Bila nafasi hiyo alikuwa mgeni kwenye kijito cha bibi yake, na binti atakayemzaa atakuwa mgeni pia. Alimtazama Odile. Wote wakamtazama Odile. Mwenye ukuta wa juu akisema aingie, ataingia. Akisema aende, ataenda, na hatakuja tena.

Odile alifungua mdomo. Hata leo hajui alikuwa anataka kusema nini. Kwa sababu wakati huohuo kitu kilimgusa kifundo cha mguu, baridi, kizito, akatazama chini. Nyuma ya ukuta wake maji yalikuwa yamebadilika. Tope lilikuwa linafika.

Francine aliliona naye. "Wachimbaji wameanza kazi," alisema.

"Jumapili?" Espérance alicheka kwa dharau. "Umewaona wapi? Umefika huko?"

"Si lazima nifike. Maji njo inasema. Maji ikiwa tope, juu iko watu."

Alilisema bila kuwaza, kama mtu yeyote wa Alunguli angelisema. Lakini Odile alishika mti wa ukuta kwa mikono miwili. Miaka ishirini na mitatu alikuwa ameliogopa neno lile, amelingoja kwa padri, kwa Espérance, kwa Clémentine, na limekuja kumtokea kwenye mdomo wa huyu. Wa huyu hasa.

"Sema tena," alisema.

"Mama Odile?"

"Sema tena, mwanangu. Wote wasikie."

Francine aliwatazama wenzake, hajui kosa lake ni nini. "Nimesema maji ikiwa tope, juu iko watu."

Na Odile akasema. Alisimama kwenye tope akasema yote, haraka, bila pambo, kama mtu anayetapika. Kwamba Jeanne alimwonya naye hakusikia. Kwamba alikuta bidoni kwenye kivuko, na nyayo zinapanda, na kwamba kutoka kule kilio hakisikiki hata kidogo. "Mutoto alilia walipokuwa wamefika," alisema. "Walikuja kwa tope. Tope yetu. Mimi njo nilisema tukaushe, na mimi njo nilisema mutoto alilia. Nilijua siku ileile. Francine hakuua muntu."

Niliposimuliwa hayo nilidhani watamrukia. Au watalia. Ungedhania nini wewe?

"Nyamaza," Espérance alisema. Midomo yake ilikuwa imekuwa ya majivu. "Nyamaza, Mama Odile! Mimi nilichota. Mimi na mikono hii nilichota na kumwaga, na mama amekaa pembeni yangu. Unataka kuniambia nini? Kwamba nilikuwa nawaita?"

"Ilikuwa njaa," mwingine akasema upesi.

"Ilikuwa vita."

"Mama Odile amechoka. Jua ni kali. Mumupatie maji akae kwenye kivuli."

Hivyo ndivyo walivyofanya. Walilifunika. Miaka yote ile mtoto mmoja alikuwa amewabebea mzigo wao wote, na mgongo wake ulikuwa umeshazoea, na sasa yule mkubwa wao anataka kuurudisha, kila mmoja abebe wa kwake! Nani anataka? Niliwaonea huruma, na niliwachukia, vyote viwili pamoja. Espérance aligeuka akawapa mgongo, akaanza kuchota, akachota na kumwaga kwa nguvu kama mtu anayepiga kitu, na machozi yanamtoka, hayapangusi.

Francine alikuwa bado ukingoni. Hakumtazama Espérance. "Mama alijua?" alimuuliza Odile.

"Hapana."

"Alikufa anafikiri ni mimi."

Odile aliitikia kwa kichwa. Ndiyo.

Francine aliweka viatu vyake kwenye majani, akakunja kikwembe, akaingia kwenye maji. Hakuomba tena ruhusa. Alipita mbele ya wote kumi na mmoja mpaka mwisho wa mstari, penye ukuta wa chini, akasimama mahali pale pa mama yake na tope likamfika magotini. Akainama akachota. Hakuna aliyemzuia. Aliyekuwa karibu naye alisogea kidogo kumpa nafasi ya kurusha beseni.

Walifanya kazi mpaka saa sita. Tope la wachimbaji lilikuwa limepenya ukuta, samaki hawaonekani kwa macho, wakawatafuta kwa vidole kati ya majani, kangeli mmoja hapa, kangeli mmoja pale. Beseni moja halikujaa. Hakuna aliyeimba.

Ndipo Odile alipouacha ukuta wake. Tangu wazaliwe hakuna aliyewahi kumwona mwenye ukuta wa juu akiacha mahali pake kazi haijaisha. Alishuka mstari wote, akijishika kwenye mabega ya wanawake ili asiteleze, na wao walimwachia mabega bila kumtazama. Alifika kwa Francine. Alitaka kupiga magoti, magoti yakamkatalia, akabaki ameinama nusu, mikono kwenye mapaja.

"Mwanangu," alisema, "nisamehe."

Francine alikuwa anafunua majani, jani baada ya jani, na kuokota. Hakuacha kazi. Aliongea kwa sauti ileile ya chini aliyokuwa nayo mama yake.

"Mwezi wa pili ulikuja kwetu," alisema. "Nilikuwa jikoni, nilikuona. Ulifika mpaka mulangoni, ukasimama."

Odile alifumba macho.

"Mama alisikia miguu. Akauliza, ni nani? Nikamwambia, ni yaya Odile. Akafurahi, Mama Odile. Alikuwa hawezi tena kuinuka, lakini alisema nimupanguse uso, nimufunge kitambaa kizuri, nimukalishe, usimukute amelala."

Aliokota kangeli, akamweka kwenye beseni.

"Nikamukalisha. Tukakungoja. Alikaa vile mpaka jioni."